Vidole Vyangu Pembeni mwa Uwanja

Mume wangu alikuwa kocha wa raga, na kwa mwaka mzima na ushei mimi ndiye niliyekuwa nikimhesabia. Hakuna aliyejua. Nilisimama pembeni mwa uwanja kule Fridley, Minnesota, themosi ya chai kwapani, mkono wa kulia nje ya glavu hata baridi ikiuma, na vidole vyangu vikifanya kazi ambayo kichwa chake kilikuwa kimeanza kuikataa.

Lazima nieleze mchezo wenyewe, maana Wakenya wenzangu wakisikia raga wanafikiria ile ya watu kumi na tano. Yake ilikuwa ya watu kumi na watatu, mchezo wa miji ya migodi na viwanda ya kaskazini mwa Uingereza, alikozaliwa. Timu yenye mpira inaruhusiwa kuangushwa mara sita. Aliyeangushwa anasimama, anauweka mpira chini, anausukuma nyuma kwa mguu, mchezo unaendelea. Ya sita ikifika, mpira ni wa wenzao, hakuna mjadala. Kwa hiyo lazima awepo mtu wa kuhesabu, na uwanjani kwetu kocha ndiye alikuwa refa, ndiye daktari, ndiye mbeba mipira.

Nilikutana naye huko kwao nikisomea unesi. Aliletwa wodini Jumapili moja, mfupa wa shavu umevunjika, akaniuliza kama atapona kabla ya Jumamosi. Nikamwambia ana wazimu. Akacheka kwa upande mmoja wa uso. Alikuwa akicheza tangu ana miaka kumi na saba, tena safu ya mbele, ambako kazi yako ni kukimbia moja kwa moja kwenye watu walioamua kukuvunja. Siku za wiki alipakua magunia ya saruji. Kabla ya harusi nilimwuliza amewahi kuzimia uwanjani mara ngapi. Akahesabu vidole vya mkono mmoja, akaingia wa pili, kisha akasema tuzungumze mambo mengine. Nilicheka. Mimi, nesi mzima, nilicheka.

Alipoacha kucheza alifundisha timu ndogo ya mji wao, akaipandisha daraja, ikashuka tena, wakamfukuza. Dada yangu alikuwa akiishi New Hope, Minnesota, akatuambia huko manesi wanatafutwa kwa tochi. Tukahama mwanzoni mwa miaka ya tisini. Mimi nikaajiriwa katika nyumba ya kutunzia wazee, yeye akapata kazi kwenye ghala kule Eagan. Kabla mwaka haujaisha alishakusanya wanaume kama thelathini: mafundi wa kiwandani, wanafunzi wa Afrika Mashariki, mpaka mchungaji mmoja mwenye goti bovu. Kila Jumamosi asubuhi, tangu theluji iyeyuke hadi ianguke tena, waligawanyika makundi mawili wakacheza mchezo wake. Ili kuwafurahisha Wakenya alihesabu kwa Kiswahili. Moja, mbili, tatu. Ikifika ya mwisho uwanja mzima ulipiga kelele pamoja naye: sita!

Dalili ya kwanza haikutokea uwanjani. Asubuhi moja alinyoa ndevu, akanywa chai, akarudi bafuni akanyoa tena, kisha akanigombeza kwamba nimelowanisha wembe wake. Niliukausha nikaurudisha kabatini. Nilikuwa nikifanya kazi katika wodi ya wazee waliopoteza kumbukumbu, na ile hasira niliifahamu. Ni hasira ya mtu anayeona vitu vimehamishwa na hajui nani amevihamisha. Watoto wa wazee wetu walipokuja kutazama wazazi wao nilikuwa nikiwakaripia kwa adabu: mbona mlichelewa kuwaleta, hamkuona? Kumbe walikuwa wameona siku nyingi.

Wiki chache baadaye, uwanjani, alisema "nne" mara mbili. Fundi mmoja akalalamika. Mume wangu, ambaye sikuwahi kumsikia akimtukana hata mbwa, alimtukana yule mtu mpaka kipenga kikamponyoka. Halafu akasimama katikati ya nyasi, akageuza shingo polepole, akanitafuta. Niliinua vidole vitano. "Tano," akasema, na mchezo ukaendelea.

Hatukuzungumza juu ya jambo hilo, si siku ile wala baadaye. Ikawa desturi tu. Kila mtu alipoangushwa, macho yake yalikuja kwangu. Kidole kimoja, viwili, vitatu. Ya sita nilikunja ngumi. Watu waliniona mke mpenzi asiyekosa hata Jumamosi moja, wakanisifu. Niliogopa nikisema watamnyang'anya kipenga, na bila kipenga sikujua atakuwa nani. Basi nikajifanya hamnazo.

Kazini tulikuwa na msaidizi mmoja kutoka Kakamega, jitu la miraba minne lenye mikono ya upole kuliko yetu sote. Wazee wagumu walikubali kuogeshwa na yeye peke yake. Nyumbani aliacha mke na mabinti wawili, picha zao zilikuwa mfukoni mwa sare yake. Mimi ndiye niliyempeleka kwenye timu. Mimi aliniita dada, mume wangu mwalimu. Neno la mwalimu kwake halikuwa na rufaa. Akiambiwa kimbia alikimbia, akiambiwa lala chini alilala.

"Dada, huyu mzee wako ananimaliza," alinitania Jumatatu moja tukitandika vitanda. "Mwili wote ni pain. But naskia vizuri, unajua? Naskia kama niko home."

Oktoba moja, Jumamosi, nikiwa nafunga kamba za viatu, simu ililia. Nesi wa asubuhi alikuwa mgonjwa na msimamizi wangu hakuwa na mtu mwingine. Nilitaka kukataa. Nilimtazama mume wangu akipaka mafuta mpira wa ngozi kwa kitambaa, ametulia, anapiga mluzi. Nikajiambia ni siku moja tu.

"Leo wacheze ya kugusana tu," nilimwambia. "Wasiangushane."

"Sawa, mpenzi," akasema.

"Nimesema nini?"

"Kugusana tu." Alinitazama kama mtoto anayetahiniwa, na mimi nikachukua funguo za gari.

Yaliyotokea nilisimuliwa na mchungaji wa goti bovu. Walicheza ya kuangushana kama kawaida. Yule ndugu yetu wa Kakamega aligongana kichwa na mwenzake, akakaa chini, akatapika. Mume wangu alifanya kila kitu sawasawa. Alimwinua mwenyewe, akamchungulia macho, akamtoa nje, akamvika koti lake na kumwambia asiguse mpira kwa wiki tatu. Ndivyo kocha mzuri anavyofanya, na yeye alikuwa kocha mzuri.

Kisha, kama dakika kumi baadaye, mtu aliangushwa na mume wangu akageuka kutafuta vidole vyangu. Hakuniona. Mahali ninaposimama siku zote aliliona jitu limekaa na koti.

"Wewe! Umekaa hapo unafanya nini? Ingia!"

Akaingia. Alivua koti, akalikunja vizuri, akaliweka juu ya nyasi, akaingia. Wengine walidhani kocha amempima na kuridhika. Yeye mwenyewe alijua ametolewa, alisikia mwenyewe habari ya wiki tatu, lakini kwao mtu habishani na mwalimu mbele za watu. Alipoangushwa mara ya pili lilikuwa pigo dogo, mchungaji alisema, la kawaida kabisa. Hakusimama. Mume wangu alisema "mbili" akamngojea asimame acheze mpira. Alingoja, kipenga mdomoni, mpaka mchungaji akakimbia kuingia uwanjani.

Hospitali walimpasua fuvu siku hiyo hiyo. Mume wangu nilimkuta kwenye korido, koti likiwa mapajani, nyasi zimeganda kwenye kola.

"Nani ameumia?" akaniuliza.

Nikamweleza. Akalia, machozi ya kweli. Baada ya muda akafuta uso, akaangalia huku na huku, akaniuliza tena. Nikamweleza tena, na akalia upya kama mara ya kwanza. Aliponiuliza mara ya tatu nilikunja ngumi nikaiinua. Aliitazama muda mrefu. Hiyo, ya sita, alikuwa hajaisahau. Alivua kipenga shingoni akanipa.

Niliwaambia wachezaji kwamba kocha anaumwa, imegunduliwa sasa hivi. Imegunduliwa, ndivyo nilivyosema. Walinipa pole, wakaleta vyakula, mchungaji akatuombea sebuleni kwetu. Niliitikia amina kwa sauti.

Ndugu yetu alipona nusu. Mkono wa kulia ulibaki umekunjika kifuani, na maneno yalimjia kwa kuchelewa. Kabla ya Krismasi alirudishwa nyumbani, nikampeleka uwanja wa ndege mimi mwenyewe. Mume wangu alikuja nasi, akambebea sanduku, kwa sababu mikono yake bado ilikuwa na nguvu za ajabu. Mlangoni nilikuwa nikimfunga mwenzetu zipu ya koti alipoinama.

"Dada, usimlaumu mwalimu," alisema, neno moja moja. "Ni mimi. Ningesema… ningemwambia niko na shida. Nilinyamaza."

Hapo ndipo ningesema. Maneno yote nilikuwa nayo, na vinywa vyetu vilikuwa shibiri moja. Nilimalizia zipu mpaka shingoni, nikamwambia awasalimie watoto.

Tukirudi, mimi nikiendesha, mume wangu alitazama theluji kando ya barabara muda mrefu. Kisha akapiga goti lake kofi, kwa furaha.

"Yule bwana anaweza kucheza safu ya mbele, umemwona kifua? Jumamosi atakuja?"

"Atakuja," nikasema.