Kitambaa cha Mwongeli

Masanduku ya betri za sola anayochomelea Syombua wa Zombe yana matundu ubavuni na juu, kwa kuwa betri zikifanya kazi hupata joto, na jua la Zombe halihitaji msaidizi. Mwizi hajawahi kufungua hata moja. Chema chajiuza: zahanati mpya ilikuwa karibu kumpa kazi ya sanduku la betri za friji ya chanjo. Kazi hiyo ingemtoa kwenye malango ya mazizi aliyoyachomelea tangu ujana. Aliitaka mno, na hakuona haya kusema hivyo.

Kisha spika za kanisa zikanyamaza katikati ya harambee. Mzee Nzuki, mwenyekiti wa kanisa, akamwita.

"Syombua, hii sanduku yako imetuharibia betri. Zimevimba kama mandazi. Na watu wa zahanati wameshasikia, wananiuliza shida ni gani."

Syombua akaingia kanisani kuangalia. Sanduku lilikuwa limevishwa. Kitambaa cheupe cha kufuma, kizito, chenye bitana, kilishuka pande zote hadi sakafuni na kuziba kila tundu. Nyumba za huku zenye heshima haziachi kitu uchi: kochi lina kitambaa, redio ina kitambaa, hata mtungi wa maji. Nani angeacha chuma kitupu mbele ya mhubiri?

Mkono uliokifuma aliujua. Mama yake, Mwongeli, haoni vizuri tena. Alikifuma msimu mzima kwa kupapasa, akakataa kusema ni cha nani, ila kwamba hatafuma kingine. Siku alipokitoa kanisani, Syombua alikuwa Kasikeu akiweka lango la mteja. Kina mama wa kanisa walipiga vigelegele hadi bibi huyo akalia.

Sasa Mwongeli alikuwa ameketi benchi la mbele, ametega sikio.

"Sasa fundi, umeona nini?" Mzee Nzuki akauliza.

Neno moja tu lingemsafisha Syombua. Alikiondoa kitambaa, akakikunja taratibu.

"Ni sanduku," akasema. "Mimi ndio nilikosea matundu. Nitatengeneza ingine."

Mzee alitikisa kichwa, akatoka.

"Na kitambaa changu?" Mwongeli akauliza. "Kimeungua?"

"Hakijaungua, mwaitu," akamwambia mama yake. "Kiko hapa."

Kazi ya zahanati ilikwenda kwa fundi wa Kitui mjini. Ilimuuma sana Syombua, na kwa muda alizunguka njia ya nyuma ili asimwone yule fundi akishusha vyuma vyake.

Sanduku jipya la kanisa alilisimamisha juu ya miguu. Juu akaliwekea paa bapa, lililoinuliwa ili hewa ipite, pana kama meza ya harusi. Watu walicheka: sanduku dogo hivi, paa lote hilo la nini?  Alikuwa amepima kitambaa kwanza, betri baadaye.