Maksai wa Mahari Aingia Palizini Katumba

Saa kumi na mbili asubuhi, Vestina anainama mbele ya maksai wawili na kuwavisha vikapu vidogo midomoni. Amevisuka mwenyewe kwa nyasi, vyenye matundu, ili ng'ombe wapumue lakini wasile mahindi.

"Huyu Bihogo ni mwizi," anasema, akikaza kamba nyuma ya pembe. "Jana alikula mashina manne huku ananiangalia."

Ni katikati ya Januari, 1996. Mahindi yamefika magotini na magugu yameanza kufunga ardhi. Saa tatu kamati ya ardhi ya kijiji itapita hapa, katika makazi ya wakimbizi ya Katumba, wilayani Mpanda, kuamua kama ekari hizi mbili zibaki kwa Vestina au apewe mtu mwingine mwenye nguvu za kuzilima.

"Wakizichukua nabaki na kile kipande cha juu chenye mihogo," anasema. "Kile kinatulisha miezi mitano. Na mwaka una miezi kumi na miwili."

Vestina ana umri wa miaka arobaini na tisa. Alikuja kutoka kusini mwa Burundi mwaka 1972 akiwa na mumewe, Polycarpe, na mtoto mgongoni. Hapa walipewa eneo la msitu wa miombo, na kila familia ikapewa jembe moja, shoka moja na panga. Polycarpe aliangusha miti. Yeye alilima nyuma yake, kati ya visiki.

Polycarpe alifariki Machi 1992, kwa homa ya siku mbili. Siku ya kwanza alirudi nyumbani saa nne akasema atapumzika kidogo, kisha atamalizia mstari wake. Mstari huo wa maharage Vestina aliumaliza wiki moja baada ya mazishi, peke yake. Anakumbuka kwamba ulikuwa na mashina mengi kuliko mingine.

Tangu hapo alilima na binti yake wa pili, Prisila. Kwa jembe la mkono, ekari moja iliwachukua siku ishirini. Wakimaliza kulima ya pili, ile ya kwanza ilikuwa imeota majani. Ekari mbili za chini zikabaki pori misimu miwili, na katika makazi haya pori halikai muda mrefu bila mtu kuliulizia.

Ng'ombe zamani hawakuishi hapa. Mbung'o waliwamaliza. Watu walipofyeka miti mwaka hadi mwaka, mbung'o wakasogea mbali, na baadaye wakaja Wasukuma na mifugo yao kutoka kaskazini. Mmoja wao ni Manyanda, anayekaa kijiji cha Magamba. Yeye na Vestina walifahamiana sokoni Mpanda mjini, Manyanda alipokuja kutafuta maharage ya mbegu.

"Nilimuuliza, dada, unalima ekari ngapi?" anasimulia Manyanda. "Akasema mbili, na mwanaye. Nikamuuliza ng'ombe wangapi? Akasema ninaye mmoja, dume, wa mahari ya binti yangu Gaudiose. Nikamuuliza, huyo dume anafanya kazi gani? Akasema, anakaa."

Manyanda anacheka mpaka anashika goti. "Anakaa! Kama mgeni!"

Lakini kwa Vestina haikuwa jambo la kucheka. Kwao ng'ombe ni heshima. Salamu yenyewe ya wazee ni kumtakia mtu makundi ya ng'ombe. Anakamuliwa, anatolewa mahari, anapewa rafiki ili urafiki usife. Kufungwa mti shingoni ni kazi ambayo hakuna mtu wa ukoo wao aliyewahi kumpa.

Aliposema anataka kumhasi dume wa mahari na kumfundisha plau, shemeji yake, Salvator, mdogo wa marehemu, alikuja nyumbani na wazee wawili.

"Shemeji, ungemfunga nira Gaudiose mwenyewe, ingekuwa afadhali," alimwambia mbele yao. "Huyu ng'ombe ndiye heshima yake."

"Gaudiose ameshalima miaka kumi na mitano kwa mgongo wake," Vestina alijibu. "Mbona siku hizo hamkuja na wazee?"

Maharage magunia manne yakampatia ng'ombe wa pili, Masunga, kutoka zizi la Manyanda. Mahindi magunia matano yakampatia plau kuukuu. Manyanda akaja siku nane kufundisha.

Shida ya kwanza ilikuwa nyimbo. Vestina alimlea Bihogo kwa kumwimbia jioni akirudi zizini, kama mama yake alivyowaimbia ng'ombe ili watulie wakikamuliwa. Alipochoka shambani akaanza kuimba, na Bihogo akasimama kimya, miguu pamoja, akingoja kupapaswa. Masunga naye akasimama kwa kuwa mwenzake amesimama.

"Dada, unamwambia jioni imefika!" Manyanda alipiga kelele kutoka pembeni. "Mtukane kidogo!"

"Nimtukane ng'ombe?"

"Basi nyamaza."

Akajifunza kunyamaza. Mwishoni mwa 1994 ekari mbili zile ziligeuzwa kwa siku tano. Watu walikuja kutazama. Vestina anasema usiku ule alilala kama mtu aliyefika mwisho wa safari.

Hakuwa amefika. Alipanda kama alivyofundishwa na mama yake kule milimani, ambako ardhi ni ndogo na kila shubiri ina mwenyewe: mahindi yamebanana, maharage katikati, maboga yakitambaa juu ya vyote. Majani yalipoota, ng'ombe hawakuwa na pa kukanyaga. Ikabaki mikono minne ileile, yake na ya Prisila, na jembe lilelile.

"Ng'ombe walilima ekari mbili, sisi tukapalilia nusu," anasema. "Iliyobaki ikamezwa. Tulivuna magunia matatu. Kamati ikaandika, pori."

Manyanda alipokuja kuona hakuficha utani. "Nyie Warundi mnapanda kama mnasuka mkeka. Hata sisimizi anaomba njia."

"Na nyie Wasukuma mnaacha nafasi kama mnangoja harusi ipite."

"Ndiyo. Harusi ya ng'ombe. Wacha nafasi, dada."

Kwa hiyo msimu huu amepanda kwa kamba, mistari iliyonyooka, hatua moja nzima kati ya mstari na mstari, bila haragwe hata moja katikati. Anasema kuiacha ardhi ile wazi kulimuumiza kuliko kulima. Mara mbili alitoka nyumbani na kikombe cha mbegu akafika shambani, akarudi nacho.

Mwalimu Egide, anayefundisha historia na jiografia katika shule ya msingi ya kijiji, hupita njia hii kila asubuhi na baiskeli. Leo anasimama, anaegemeza baiskeli kwenye kisiki na kumsaidia Prisila kuinua nira. Ni ndefu kuliko ya kulimia, ili kila maksai apite katika nafasi yake na plau lipite katikati yao.

"Watoto wananiuliza kwa nini Ulaya ni matajiri na sisi maskini," anasema. "Kitabu kina kurasa nne za jibu. Mimi nawaleta hapa."

Anaeleza kwamba watu wa Misri walifunga ng'ombe plau zaidi ya miaka elfu nne iliyopita. Chombo hicho kikatembea, kikabadilishwa huku na kule, mahali pengine kikawa cha chuma, kikapata farasi, kisha injini. Katumba kimefika juzi.

"Siyo kwamba watu wa hapa walikuwa wavivu," anasema Mwalimu Egide. "Mbung'o aliua ng'ombe. Vita vilituondoa kwetu. Tukaletewa trekta moja la msaada, likaharibika pampu mwaka 1984, na pampu iko ng'ambo. Mtu ukianza upya mara tatu katika maisha yako, unachelewa."

Vestina, ambaye amekuwa akisikiliza huku anafungua boliti, anadakia. Alisikia redioni kwamba huko Amerika mkulima mmoja analisha watu karibu mia.

"Huyo mtu ana mikono mingapi, Mwalimu?"

"Miwili, mama."

"Miwili kama hii?"

"Miwili kama hiyo. Ila imesimama juu ya mikono ya watu wengi waliokufa zamani, kila mmoja aliacha kitu."

Vestina anafikiri kidogo. "Na wa kwetu waliacha," anasema. "Isipokuwa tulikimbia, hatukubeba."

Boliti imefunguka. Analitoa lile bamba la chuma linalopindua udongo na kuliweka kando. Bila bamba hilo plau halipindui, linakwangua tu, na magugu yanang'oka bila mahindi kufukiwa. Hakuna aliyemuuzia chombo cha palizi. Manyanda alimwonyesha kwamba tayari anacho.

Saa tatu na nusu wanafika wanaume watano. Mwenyekiti wa kamati, Mzee Pontien, amebeba daftari. Salvator yumo. Wanasimama kwenye kona ya shamba.

"Mama Gaudiose," anaanza Mzee Pontien, "mahindi ni mazuri. Lakini hapa kati sioni kitu."

"Ni nafasi, Mzee."

"Naona kuwa ni nafasi. Nauliza imelimwa nini?"

"Nusu ya shamba ni tupu," anasema Salvator. "Kuna vijana wameoa hawana pa kupanda, na hapa watu wanalima hewa."

Prisila anainama kutazama miguu yake. Vestina anakwenda nyuma ya plau, anashika vishikio, anamtazama Prisila. Prisila anavuta kamba, na maksai wanaingia.

Wanakwenda polepole, kila mmoja na nafasi yake, mstari wa mahindi ukipita kushoto na kulia kwa chuma bila kuguswa. Nyuma yake udongo umechanika, mweusi, na magugu yamelala mizizi juu. Anafika mwisho, anageuza, anarudi kwa nafasi nyingine. Bihogo anajaribu kunyakua jani kupitia kikapu, anakosa, anapuliza pua kwa hasira. Mjumbe mmoja anacheka kwa sauti.

Nafasi nne. Vestina anasimama mbele yao, jasho likimtiririka.

"Kwa mkono hiyo ni kazi ya siku nzima, mimi na Prisila," anasema. "Mkiziba hizo nafasi, mnaniachia mahindi mengi ambayo siwezi kuyapalilia. Mwaka jana ndivyo nilivyofanya. Nyie wenyewe mliandika."

Mzee Pontien anaingia shambani, anainama, anaokota gugu na kulikung'uta udongo. Anaokota la pili.

"Kwa nini hukusema hivyo mwaka jana?"

"Mwaka jana nilikuwa sijui, Mzee. Nilikuwa na ng'ombe wa mwaka huu na upandaji wa mama yangu."

Salvator anavua viatu. Anaviweka kwenye nyasi, anakunja suruali na kushika vishikio vya plau. Maksai wanaanza, na plau linakimbilia kulia kama mbuzi aliyekata kamba.

"Bonyeza kushoto, shemeji! Kushoto!"

"Nabonyeza!"

"Unabonyeza mahindi!"

Anafika katikati, anasimama, anageuka kutazama alikotoka. Vestina ameshahesabu. "Saba," anasema. "Umeniulia saba. Na hayo ni ya marehemu kaka yako, utamjibu mwenyewe."

Wanaume wote wanaangua kicheko, Salvator naye. Kisha anarudi kwenye mahindi aliyoyalaza, anapiga magoti na kuyasimamisha moja moja kwa kuyashindilia udongo kwa vidole. Matatu yanasimama. Akiwa bado chini anasema, bila kumtazama mtu, "Kaka angeipenda kazi hii."

Vestina anamwambia, "Angeipenda."

Mzee Pontien anaandika katika daftari kwa muda mrefu. Anasoma kwa sauti: ekari mbili, zimelimwa, zinapaliliwa, zinabaki kwa mwenyewe. Anaongeza kwamba kamati itapita tena wakati wa mavuno kuona magunia. Ikiwa yatakuwa machache kuliko ya majirani wenye ardhi sawa, swali litarudi.

"Lirudi," anasema Vestina. "Nitakuwa hapa."

Anatarajia magunia ishirini. Majirani wanaolima kwa mkono wanapata kumi, mwaka mzuri kumi na mbili. Msimu uliopita gunia la mahindi lilinunuliwa kwa shilingi elfu tano, na anajua kwamba bei hiyo haipangwi Katumba wala Mpanda. Hilo hawezi kulifanyia kitu mwaka huu. Analoweza ni jingine.

Mita mia tatu kutoka hapa anakaa mjane mwingine, Vénérande, mwenye ekari tatu na watoto wadogo. Wiki iliyopita alikuja kuomba aazimwe maksai siku mbili. Vestina alimkatalia, na mtaani wakasema amekuwa tajiri.

"Nilimkatalia kumwazima," anasema, akiwavua maksai vikapu ili wanywe maji. "Nilimwambia aje yeye mwenyewe ashike vishikio, Prisila avute kamba, mimi nitakaa pembeni nitukane. Kesho kutwa tunaanza kwake. Ataharibu mahindi. Aharibu, ni yake. Mwaka ujao nataka anihitaji kwa nira tu, na mwaka wa tatu asinihitaji kabisa."

Anainua bamba la plau, analifuta udongo kwa upindo wa kanga na kumkabidhi Prisila. Zimebaki nafasi sitini na mbili kupalilia kabla ya kesho kutwa. Anawavisha maksai vikapu tena na kuwarudisha shambani.