Itoka kwenye Meza ya Hakimu

Jumatatu ile naikumbuka kuliko siku ya harusi yangu, marehemu mke wangu anisamehe. Nilikuwa kijana, mkalimani wa korti ya Thika, na viatu vyangu vilimeta kuliko vya askari. Hakimu wetu, Mwingereza, tulimwita Bwana Penseli kwa sababu aligonga penseli mezani alipotaka mkalimani aanze. Alikuja nchini akiwa karani wa serikali, akapewa uhakimu, akajenga nyumba ya mawe Ruiru, na mwishowe akawa jaji Nairobi. Hayo unayajua, mwanangu, maana ndiwe unayeandika kitabu cha maisha yake.

Wiki iliyopita ulinijia hapa Mugutha na simu yako ya kurekodi. "Guka," ukaniuliza kama mjukuu amuulizavyo babu yake, "si ni ukweli alikuwa jaji wa huruma? Hata watu walikuwa wanamletea maua." Ukanionyesha picha yake ya uzeeni, kofia mkononi, na nyuma yake safu ya maua meupe langoni kwake. Nilikwambia unywe chai, urudi wiki hii. Leo nakujibu.

Jumatatu hiyo aliletwa Wangari wa Njuguna, mjane, kwa kosa la kulima ndani ya shamba la kahawa la mzungu. Shamba hilo lilikuwa la marehemu mumewe kabla ya kunyang'anywa. Wangari hakuinamisha kichwa. Alifungua leso akaweka mezani itoka nzima, na mizizi yake, na udongo wake. Wewe umezaliwa mjini, kwa hivyo nikueleze: itoka ni ua jeupe ambalo sisi Wakikuyu tulipanda mpakani, na wazee walipoamua kesi ya shamba, walikwenda kwanza kuliangalia. Trekta la mzungu lilikuwa limeyang'oa yote, naye Wangari akaokota moja. Akaeleza kwa kirefu kwamba itoka hiyo ilipandwa na baba mkwe wake, kwamba yeye si mwizi, na kwamba aliyevuka mpaka ni yule mwenye trekta. Akataka yote yaandikwe.

Penseli ikagonga, nami nikaogopa. Niliwaza jela, nikawaza watoto wake wawili. Niliwaza na kazi yangu pia, usidhani nilimwonea yeye huruma tu. Nikasema kwa Kiingereza kwamba mama huyu anakubali kosa, anaomba msamaha, na amemletea bwana mkubwa ua hili kuwa zawadi.

Bwana Penseli akatabasamu. Aliandika kwenye faili kwamba Wangari amekiri shamba si lake, akamwachilia kwa onyo, akaenda na ua nyumbani, akalipanda langoni likazaana.

Nilitoka nje nikitarajia shukrani. Wangari alikuwa akiningoja kwenye ngazi. Kiingereza hakujua, lakini mjinga hakuwa.

"Mimi nimesema mengi, wewe umesema kidogo, na mzungu amecheka," akaniambia. "Umemwambia nini?"

Nikamweleza, pamoja na kilichoandikwa kwenye faili, nikaongeza kwamba nimemwokoa.

"Jela ningefungwa na ningetoka," akasema. "Kwenye karatasi hiyo nitatokaje?"

Aibu niliyoiona siku hiyo sijaimaliza mpaka leo. Asubuhi yake nilimwendea Bwana Penseli nikamwambia nilidanganya. Akajibu kwamba faili imefungwa, akaniuliza kama bado naitaka kazi. Nikaacha ufunguo wa kabati mezani pake nikaenda zangu. Yeye akazidi kupanda cheo, na sifa ya huruma ikamfuata mpaka kwenye kiti cha jaji. Mashamba yalipogawanywa upya, karatasi ile ikasomwa, na Wangari hakupata hata mahali pa kupanda sukumawiki. Alifia katika chumba cha kupanga, na jeneza lake nililibeba.

Sasa naambiwa nyumba ya Ruiru itafunguliwa iwe ya ukumbusho, na mimi, niliyebaki peke yangu kati ya waliofanya kazi naye, nikae kiti cha mbele nimsifu. Sitamsifu. Nitakwenda, lakini nitakwenda na jembe. Nitachimbua itoka moja pale langoni nimpelekee binti wa Wangari kule Theta. Wakitaka wanishtaki. Safari hii nitajisemea mwenyewe.

Na wewe, mwanangu, mtu akikukabidhi maneno yake, yafikishe yote, hata yale unayoyaogopa. Usimpunguzie mtu hasira yake halafu ukajiita mwenye huruma. Chini ya picha ile andika kwamba ua hili halikuwa zawadi, lilikuwa ushahidi wa Wangari wa Njuguna, na aliyeuficha ni mimi. Taja jina langu.

Lete mikono nikutemee mate ya baraka kama nilivyotemewa na babu yangu. Mungu akupe mkono usiotetemeka ukiandika, na watoto wako wasiombewe kamwe msamaha wa kosa wasilolifanya.