Wimbo Uliofuata Sauti ya Flavian

Si kweli kwamba nilipiga disko kwenye msiba wa mume wangu. Nimeyasikia hayo sokoni Sumbawanga, nimeyasikia nje ya kanisa, na juzi yamenifikia kutoka Kasanga yakiwa yameongezwa chumvi kwamba nilicheza. Nimefundisha sekondari hadi nikastaafu. Nitaeleza mara moja.

Mume wangu Flavian alilima ulezi na mahindi hapa Mpui, na alikuwa mwalimu wa kwaya. Kwaya yake ilirekodi CD moja tu. Kila mwanakwaya alipofariki, Flavian alibeba deki yake ya CD hadi nyumbani kwa marehemu siku ya kumaliza msiba, akapiga wimbo ambao sauti ya marehemu ilisikika vizuri zaidi. Hakuna aliyemtuma. Watu walikaa kimya hadi mwisho, kisha wakala chakula.

Binti yetu Jenifa alipoziweka nyimbo hizo mtandaoni, alimletea baba yake simu asikilize.

"Baba, sasa hata mtu wa Wampembe anakusikia."

"Na majina ya waimbaji wangu umeyaweka wapi?"

"Huko hawaulizi majina, Baba."

"Basi huko hakuna watu," akasema, akamrudishia simu.

Kisha yeye mwenyewe akafariki, na siku ya kumaliza msiba ikawa zamu yake kuimba. CD ilikuwa imekwaruzika kwa kuzunguka misibani. Tuliijaribu asubuhi, ikaruka ubeti wa tatu, ule ambao Flavian anaimba peke yake.

Shemeji yangu Raphael alisema, "Shemeji, tupige hiyohiyo. Kaka wanamjua."

"Mama, kwenye simu ubeti wote upo," Jenifa akasema. "Hata anavyovuta pumzi unasikia."

Nilichagua simu. Mjane gani angechagua ubeti wa mumewe urukwe?

Flavian akaimba ubeti wake wote, na uani hapakuwa na kikohozi. Wimbo ulipoisha, simu ikajitafutia mwingine: mwanamume anawaita warembo wa mjini wanyanyue mikono, na spika tulizokodi zilikuwa kubwa. Jenifa alikuwa jikoni anapakua ugali. Niliinuka, nikaibonyeza simu, ikataka namba za siri nisizozijua. Nikageuka huku na huku kumtafuta Jenifa. Kugeuka huko ndiko wanakokuita kucheza.

"Kumbe mwalimu wa kwaya naye alikuwa mshikaji," mtu akasema nyuma, na wengine wakacheka. Raphael aling'oa waya.

Mwaka ulipotimia tukasali misa, watu wakaja nyumbani. Niliwaona wengine wanaitazama spika, wanangoja.

"Mama, safari hii simu nitaishika mwenyewe mkononi," Jenifa alinisihi. "Ukikataa, Baba hataimba."

Nilimwambia alete deki.

CD ilienda vizuri beti mbili, ikakwama, ikaruka. Kwaya ikaitikia ubeti ambao hakuna aliyeuimba. Hakuna aliyecheka. Jina la Flavian lilibaki safi mbele ya watu wake, na Jenifa akatoka nje akilia, hakurudi hadi wageni walipoondoka.

Coleta, jirani yangu, ameniuliza kama nikiwa peke yangu huwa naisikiliza ile ya kwenye simu. Nimemwambia ninavyowaambia nyote: hilo ni la ndani ya nyumba yangu, na sitalisema.