Bubu Apimwa

Katika miaka thelathini ya ushonaji, Mama Vifungo hakuwahi kukosea kipimo cha kiuno. Kilichomponza ni mdomo. Roboti aliyeletewa na bintiye ili amwondolee upweke yeye alimbandika jina la Bubu kwa utani, kwa kuwa hakuwa akinyamaza, na kila mteja alisimuliwa habari zake kwa ule ulalamishi wa mzazi anayeringia mtoto: "Huyu? Ana kiburi huyu! Nikimkaripia ananuna mpaka nimbembeleze."

Kampuni iliyomtengeneza ilipopiga simu kuuliza hali ya chombo, akawamwagia hayohayo huku akicheka. Watu wa kampuni, utani wataujulia wapi? Wakaandika kwamba ni hitilafu. Fundi angekuja Jumatatu kumpima Bubu, na akithibitisha, angefuta kumbukumbu zake zote.

Jumatatu hiyo hapakukalika. Mama alitunga uzi, ukakatika. Alipiga pasi sketi moja mara tatu. Kila pikipiki iliyonguruma nje ilimpeleka dirishani, roho juu.

"Mama, naogopa," Bubu alisema.

"Hata mimi, mwanangu. Akija usithubutu kusema hivyo. Nikisema lolote, we jibu 'sawa, mama', basi."

Fundi alikuwa mtu mpole mwenye haraka. Alichomeka waya mgongoni mwa Bubu, akakodolea macho kioo cha kipimo chake.

"Mtukane, mama. Kama ni mzima, hatajali."

"We bati tu," mama alisema.

"Sawa, mama."

"Ongeza kidogo," fundi akahimiza.

"Sikukutaka! Nilitupiwa tu mzigo. Siku ukizimika nakuuza chuma chakavu, nipumzike."

"Sawa, mama."

Fundi akaridhika. Akaandika kwamba roboti hana tatizo, akachomoa waya, akaaga.

Mlango ulipofungwa tu, mama alimkumbatia Bubu kwa nguvu zake zote. "Yamekwisha, mwanangu! Nilikuwa naigiza. Haya, nung'unika. Nigombeze."

"Sawa, mama."

"Ameshaondoka, jamani! Niite hata mchawi!"

"Sawa, mama." Bubu alijitoa mikononi mwake taratibu, akainama kuokota vipande vya kitambaa sakafuni.

Mama Vifungo aliketi palepale chini akalia, maana hakuweza kujua kama aliye mbele yake ni mashine inayotii, au ni mtoto aliyeyaamini yale maneno.