Bayosi ya Mashine ya Dada

Madoa ni mpaka rangi, na jina hilo hakulitafuta: hata suruali yake ya harusi ina tone la rangi ya krimu gotini. Akiwa kazini, mkono mmoja hushika brashi kwa akili zote na mwingine huwa likizo. Ni huo wa likizo uliosukuma mashine ya michezo ya dada yake mkubwa kutoka juu ya kabati, siku alipokuwa akimpakia chumba chake rangi ili akirudi akute pamependeza.

Dada, nesi mwenye mdomo wa sindano, alikuwa njiani kurudi. Kwenye kadi ya kumbukumbu ya mashine ile kulikuwa na ligi aliyoanza kuicheza na marehemu baba yao. Sasa mashine iliwaka, lakini haikusoma diski.

Madoa akaweka kwenye kompyuta programu inayojifanya mashine hiyo. Kioo cheusi. Programu ilitaka bayosi, faili linaloamsha mashine kabla mchezo haujaanza. Akapakua bayosi ya mashine tofauti kabisa, akaibandika jina linalotakiwa. Cheusi vilevile.

Kaka wa mkewe, fundi simu, alipoitwa aliangalia akaguna. "Shemeji, mbuzi ukimwita pikipiki, utampanda?"

"Usinicheke, nina presha."

"Presha unayo. Akili je?"

Fundi akaiwasha mashine iliyoanguka. Kilichokufa ni kisoma diski tu. Ubao ulikuwa mzima, na bayosi hukaa kwenye ubao. Akachomeka kadi yake yenye programu ndogo, akanakili bayosi kwenye flashi, kisha na yote yaliyokuwa kwenye kadi ya dada. Diski yenyewe kompyuta iliisoma vizuri.

Safari hii kioo kikawaka, muziki ukaanza, na ligi ikatokea, timu ya baba ikiwa mkiani kama alivyoiacha. Madoa akakaa sakafuni.

Dada alipoingia, hata begi hajatua, Madoa akasema, "Mashine yako niliiangusha. Ligi ipo."

Dada akatua begi. Kisha akageukia kioo, akalisoma jina la timu ya baba polepole.

"Mzee alikuwa hajui kucheza hata kidogo," akasema, akivua viatu. "Sogea huko, umeniziba."

Madoa alisogea bila kubisha, akashusha pumzi ndefu hadi shemeji yake akauliza nani kawasha feni.