Mti Unaosomwa kwa Ncha

Mwalimu mkongwe wa baiolojia ninayefundisha naye hapa Uyole huchora mti wa mageuzi kwa rula, kisha huburuta kidole chenye chaki juu ya ncha za matawi. "Samaki, chura, ng'ombe. Chura kapakana na samaki, basi ndio ndugu." Kila mwaka! Mwanafunzi wetu Tusekile aliandika kwenye mtihani kuwa ndugu wa chura ni ng'ombe, akanyimwa alama. Nikabisha mpaka koo likakauka.

Jumamosi, kwenye msiba wa ukoo wa mwalimu huyo, jirani aliyeketi kati ya wafiwa alitaka kuusemea ukoo. Mwalimu akamfokea: "Kukaa karibu si undugu, baba! Wewe na marehemu mnakutana kwa babu yupi?" Jumatatu nikamwekea mezani karatasi ya Tusekile, yenye mti ule ule. "Shikamoo, mwalimu. Kwa babu wa karibu zaidi, chura anakutana na nani?" Akalishuka tawi la chura kwa kidole, mpaka linapoungana na la ng'ombe, kabla ya kulifikia la samaki, akaomba kalamu nyekundu.